Georg John, mzee wa tochi na maputo

Nianze na jina kabisa, maana kwenye stori nyingi za sinema huwa hafikiwi: Georg John. Kama umeshawahi kukaa ukaangalia picha za zamani za Wajerumani, zile bubu za miaka ya 1920, basi umeshamuona, tena sio mara moja, ila hukujua kama ni mtu yuleyule. Mi nilimuona kwenye filamu nne tofauti bila kujua, ya tano ndo nikasimamisha mkanda nikarudisha nyuma.

Niwaeleze ilikuwaje. Kazi yangu mi ni kuediti video, harusi, sendofu, ubarikio, misiba pia ipo. Ukikaa kwenye hii kazi kuna tabia inakuingia, unapitia masaa nane ya klipu za ukumbi mmoja, bibi harusi na bwana harusi umeshawaangalia mpaka macho yamewachoka, kwahiyo jicho linahamia nyuma yao, kwa dada anayegawa soda, kwa mtoto aliyelala kwenye kiti, kwa mzee mmoja anayepanga viti tangu asubuhi na hakuna aliyemwambia asante. Hao unaanza kuwajua kwa mwendo na kwa mikono. Uso hata haujakaa vizuri kwenye kamera lakini ukiona mkono tu unasema aah, huyu si ni yule wa asubuhi.

Sasa usiku mmoja nimemaliza kazi, kompyuta inarenda faili refu, nikaweka Der letzte Mann ya mwaka 1924. Mwongozaji ni F. W. Murnau, steringi ni Emil Jannings. Stori yake ni ya bawabu wa hoteli kubwa, mzee mnene mwenye sare ya vifungo vinavyong'aa, na mtaani kwao anaheshimiwa kama jenerali kwa sababu ya hiyo sare tu. Siku moja meneja anamuona anahema baada ya kubeba sanduku zito, basi kesho yake anashushwa chini msalani kukabidhi watu taulo, na sare anavuliwa. Anavuliwa kweli, unaona wanavyomtoa ile koti mwilini kama wanamchuna ngozi. Usiku anaiiba ili aende nayo kwenye harusi ya mpwa wake, mwisho wa siku siri inatoka, mtaa mzima wanamcheka dirishani.

Anarudi hotelini usiku kuirudisha. Giza. Kuna duara la mwanga wa tochi linatembea ukutani, linapanda, linashuka, halafu linamkuta. Ni mlinzi wa usiku. Mzee mwenzake, mfupi, kajikunyata, hana sura ya kukumbukwa. Unategemea apige filimbi, si ndo kazi yake, kakamata mwizi na kidhibiti anacho mkononi. Hapigi. Anaipokea ile sare, anamshika mwenzake, anashuka naye mpaka msalani kule chini, Jannings anakaa pale akiwa amekwisha kabisa, na yule mlinzi anavua koti lake mwenyewe anamfunika nalo mabegani, na mkono wake unabaki kwake kidogo, unampapasa.

Pale ndo nikasimamisha. Nikasema huu mkono naujua.

Nilikuwa nimeuona kwenye M ya Fritz Lang, ya mwaka 1931. Kule kuna muuza maputo kipofu, na kuna dakika moja ambapo muuaji anayeigizwa na Peter Lorre amekamatwa na majambazi wenzake wa mji, wamemwingiza kwenye kiwanda kibovu cha pombe, umati umekaa unamtazama, yeye anasema jamani mmekosea, sio mimi, na mkono unatokea nyuma yake unatua begani. Polepole. Lorre anageuka. Ni yule kipofu, na mkono mwingine kashika puto.

Mkono mmoja begani kwa mtu aliyeanguka, mwaka 1924, wa kumfunika. Mkono mmoja begani kwa mtu aliyeanguka, mwaka 1931, wa kumshitaki. Mwenye mikono ni huyohuyo mmoja. Toka siku hiyo nimekuwa namfuatilia huyu mzee kwenye kila filamu ninayoweza kuipata na hii posti ni matokeo yake, samahani kama itakuwa ndefu.

Jina la kuzaliwa ni Georg Jacobsohn. Kazaliwa tarehe 23 Julai 1879 kwenye mji mdogo unaitwa Schmiegel, jimbo la Posen, wakati huo ni Prussia, sehemu ya Ujerumani, leo ni Poland na mji unaandikwa Śmigiel. Alikuwa Myahudi. Alitokea jukwaani, kwenye michezo ya kuigiza ya kawaida ya ukumbini, na kwenye filamu aliingia akiwa mtu mzima kabisa. Hilo naliona la maana sana ukitaka kumuelewa, kwa sababu hakuwa kijana mzuri wa kuwekwa kwenye bango, kaja na uso wake wa makamo, mashavu yameingia ndani, macho makali, na mwili ambao ameshaufundisha kazi. Mwaka 1919 anafikisha miaka 40 na ndo mwaka huohuo yupo kwenye picha za mwanzo kabisa za Fritz Lang, Die Spinnen na Hara-Kiri, kwenye hiyo ya pili anaigiza mtawa wa Kibudha. Mwaka 1921 kwenye Der müde Tod ni ombaomba. Mwaka 1922 kwenye Dr. Mabuse, der Spieler ni Pesch, mmoja wa genge la Mabuse, mhalifu mkuu wa stori. Ukijumlisha kazi zake zote ni zaidi ya filamu 100. Mia moja! Na hakuna hata moja kati ya hizi kubwa ambayo yeye ndo steringi.

Vibandani tulikolelewa sisi, filamu ilikuwa na watu wawili, steringi na adui. Waliobaki wote tulikuwa hatuwahesabu, wanakuja kupigwa wanaondoka. Mi nakiri nimekua na jicho hilohilo mpaka ukubwani. Georg John ndo alinitoa huko.

Sasa njooni kwenye Die Nibelungen, mwaka 1924, hii lazima nikae nayo. Ni filamu mbili kwa kweli, ya kwanza Siegfried ilitoka Februari na ya pili Kriemhilds Rache ikatoka Aprili, zote zilizinduliwa Berlin, mwongozaji Fritz Lang, mwandishi mke wake Thea von Harbou. Ni hekaya ya kale ya Wajerumani, mazimwi, panga, hazina, usaliti, damu. Studio walijenga msitu mzima, na zimwi moja kubwa la mashine ambalo watu walikuwa wanaingia ndani yake kulitembeza.

Humo ndani Georg John anaigiza watu watatu. Watatu.

Wa kwanza ni Mime, mhunzi. Filamu ndo inafunguka kwake, pangoni, moto unawaka, Siegfried kijana mrefu mwenye nywele za dhahabu anagonga chuma, anamaliza upanga. Mime anaujaribu kwa kudondosha unyoya juu ya makali, unyoya unashuka wenyewe na unakatika vipande viwili bila nguvu yoyote. Angalia uso wa Mime hapo. Yeye ndo mwalimu, na hapo anaona mwanafunzi kampita, na kwenye ule uso kuna kushangaa na kuna wivu na kuna hofu, vyote vinapita ndani ya sekunde kadhaa bila neno hata moja, halafu kwa chuki hiyohiyo anamwelekeza kijana njia ya msituni kwenye zimwi.

Wa pili ni Alberich, mfalme wa vibeti, mwenye hazina na kifuniko cha kumfanya mtu asionekane. Anamrukia Siegfried kwenye ukungu, anashindwa, anamuonyesha pango la mali, na mwisho anageuka jiwe palepale mbele ya macho yako. Wa tatu yuko kwenye sehemu ya pili, Blaodel, ndugu yake mfalme Etzel wa Wahun. Ukiwaangalia hawa watatu wala hutasema ni ndugu, kila mmoja ana mwendo wake, mmoja anainama na kunyemelea, mwingine anatambaa, mwingine anasimama kama mtu wa vita.

Na hii iliwezekana kwa sababu filamu ilikuwa bubu. Sauti ndo kitu cha kwanza kinachomuumbua mtu. Ukibadilisha nguo na mekapu na ndevu lakini ukafungua mdomo, watu wanakujua. Enzi zile hakuna anayekusikia, kwahiyo fundi wa mwili kama huyu alikuwa anaweza kukaa kwenye filamu moja akawa watu watatu na mtazamaji kwenye kiti asijue kitu.

Huyu Alberich lakini ana jambo zito. Amewekewa mekapu ya pua kubwa iliyopinda, ndevu chafu, kibeti mwenye tamaa ya mali, na watu waliokuja kuandika kuhusu sinema ya Ujerumani waliona pale picha ya Myahudi kama alivyokuwa anachorwa na wanaomchukia. Lang alikataa, alisema mekapu ile ilichukuliwa kwenye michezo ya jukwaani ya kundi la Habima, ambalo lenyewe ni la Wayahudi. Mi nikiiangalia naumia, siwezi kujizuia, kwa sababu najua aliye chini ya ile pua ni nani, na filamu yenyewe ina maandishi mwanzoni kwamba ni mali ya taifa la Wajerumani. Subirini, nitairudia hii mbele.

Nataka kidogo nizungumzie wakata mkanda, maana ndo wenzangu na mimi, na maisha ya waigizaji wa nyuma yalikuwa mikononi mwao.

Sisi leo tunaediti kwa kubonyeza, ukikosea unarudi. Wao walikuwa na mkanda wenyewe, upana milimita 35, na mita moja ya mkanda ina fremu kama 52. Mkanda ulikuwa wa nitrati, unashika moto vibaya mno, cheche moja tu chumba kinaondoka. Unauinua kwenye taa unaangalia kwa lenzi, unakata kwa mkasi, vipande unavitundika kwenye misumari kwa mpangilio, halafu pale pa kuunganisha unakwangua ile ngozi ya picha, unapaka gundi, unabana, unasubiri kidogo. Unafanya hivyo mara mia kadhaa. Kubandika mara nyingi ilikuwa kazi ya wanawake, siku nzima wameinamia meza. Na mara nyingi kila sini ilipigwa na kamera mbili au zaidi zimekaa pembeni kwa pembeni, ili kuwe na negativu, yaani mkanda mama wa kutolea kopi, ya nyumbani na negativu ya kuuza nje, kwahiyo kazi ileile inakatwa zaidi ya mara moja na zile negativu hazifanani kabisa, jicho limetazama kidogo kushoto hapa, kidogo kulia kule. Kwenye filamu nyingi za Ujerumani za wakati huo jina la mkata mkanda halimo kabisa kwenye vibao vya mwanzo.

Filamu ikishatoka hapo inaanza safari, na kila inapofika kuna mtu mwingine na mkasi wake. Metropolis, ya Fritz Lang pia, stori ya mji wa baadaye unaoendeshwa na mashine, ndo mfano ambao wengi wanaujua. Ilizinduliwa Berlin tarehe 10 Januari 1927 ikiwa na urefu wa mita 4,189, zaidi ya masaa mawili na nusu. Wamarekani wa Paramount wakaikata ili ifupike, Wajerumani wenyewe nao wakaitoa kumbini wakaikata, ile ndefu ikapotea. Miaka 80 watu wakawa wanaangalia filamu yenye mashimo. Mwaka 2008 ikapatikana kopi Buenos Aires, ya milimita 16, imechubuka vibaya kama imepigwa msasa, na mwaka 2010 ikaonyeshwa Berlin ikiwa imeongezewa kama dakika 25.

Na unajua kilichorudi kwenye hizo dakika 25 ni nini? Zaidi sio Maria, yule dada mhusika mkuu, wala mashine, hao hawakuwahi kupotea. Walirudi watu wa nyuma. Fritz Rasp, yule mpelelezi mwembamba, ambaye kwa miaka yote hiyo alikuwa amebaki kivuli, akarudi kuwa mtu mzima mwenye kazi. Erwin Biswanger, mfanyakazi namba 11811, akarudi na usiku wake mzima mjini. Mkasi ukikosa nafasi unaanza na hao. Naijua hiyo kwa sababu ndo ninavyofanya mimi, mteja akisema video ipunguzwe hadi dakika 40, kwa nani naanzia? Simwondoi bibi harusi.

Georg John kwenye Metropolis alikuwa na sini moja ya maana na hiyo haikukatika kwa sababu filamu nzima inasimama juu yake. Yeye ndo mfanyakazi aliyechoka kwenye ile mashine kubwa, jasho linamtiririka, mshale wa joto unapanda, anajikokota afike kwenye vyuma avishushe na mwili unakataa. Anashindwa. Mashine inalipuka, watu wanarushwa kama matambara, na Freder, mtoto wa bosi wa mji, anaanza kuiona mashine imegeuka mdomo wa mungu anayekula watu. Hiyo picha ya mdomo iko kwenye kila kitabu cha sinema. Ule uchovu uliouwasha ule mdomo ni wa Georg John.

Haya, sauti ikaja. Waigizaji wengi wa filamu bubu iliwamaliza. Huyu bwana, ambaye kazi yake yote kwenye kamera alikuwa hasikiki, akaletewa na Lang kazi ya masikio.

M ilizinduliwa Berlin tarehe 11 Mei 1931. Kuna muuaji wa watoto mjini, polisi wameshindwa, majambazi nao wamekasirika kwa sababu misako inawaharibia shughuli, wakaamua kumtafuta wenyewe kwa kutumia ombaomba, kila ombaomba kapewa kona yake. Muuaji anaponunua puto la mtoto Elsie Beckmann mwanzoni, kabla hajamuua, anayemuuzia ni kipofu, na muuaji anapiga mluzi, wimbo wa Grieg, mtunzi wa Norway. Lorre hakuweza kupiga mluzi, Lang mwenyewe alisema ule unaousikia ni wake yeye.

Kabla hajamgundua kuna kipande kidogo ambacho mi kama edita nakiona ni moja ya mikato bora iliyowahi kufanywa. Kipofu anasikiliza kinanda cha kuzungusha kwa mkono, kile cha mtaani, kinapiga vibaya, sauti zimepotoka, kwake yeye mwenye masikio makali ni mateso, anaziba masikio kwa mikono, na sauti inakatika kabisa, kwetu sisi pia. Anatoa mikono, inarudi. Ile mikono tena. Mwaka 1931 huo, sauti ndo kwanza ina miaka michache kwenye sinema, na hawa watu tayari wanatuingiza ndani ya kichwa cha mtu mmoja kwa kuzima na kuwasha. Aliyehariri M ni Paul Falkenberg, huyu jina lake tunalo, nimeliandika kwa furaha.

Halafu siku moja mluzi unapita tena mtaani. Kipofu ananyanyua shingo. Hana macho ya kuigizia, maana kipofu, kwahiyo mshtuko wote unatokea kwenye shingo na kichwa na mdomo, anakigeuza kichwa kidogokidogo kama mtu anayetafuta upepo unatoka wapi. Anamwita kijana, anamwambia kuna mtu amepiga mluzi, wimbo huu niliusikia siku ile ya Elsie, na yule aliyekuwa anapiga mluzi ndo aliyenunua puto kwangu. Kijana anakimbia, anachora herufi M kwa chaki kwenye kiganja chake, anajifanya kumgonga yule mtu, chaki inabaki begani kwenye koti. Polisi wa mji mzima walihangaika na faili zao na alama za vidole, kipofu kamjua kwa masikio.

Sasa mwaka 1933.

Hitler anachukua madaraka Januari. Das Testament des Dr. Mabuse, ambayo Georg John ana kipande kama mtumishi wa profesa Baum, inapigwa marufuku Machi kabla Wajerumani hawajaiona. Wayahudi wanaondolewa kwenye filamu, unatakiwa kuwa mwanachama wa chombo cha serikali ndo ufanye kazi na Myahudi hapati uanachama. Zaidi ya filamu 100, mlango ukafungwa. Lang akaondoka, Lorre akaondoka. Na mwaka huohuo wa 1933 filamu ya Siegfried ikarudishwa kumbini, safari hii imewekewa muziki wa Wagner, mtunzi wa Kijerumani, na sauti ya msimuliaji, kwa sababu wakubwa wapya waliipenda sana ile hekaya ya damu na upanga. Filamu ambayo Myahudi aliyefukuzwa kazi ndo mhunzi wa upanga wenyewe.

Hiyo ndo niliyosema nitairudia. Nimeifikiria sana.

Na Lorre, Myahudi naye, walimfanyia. Mwaka 1940 filamu moja ya propaganda dhidi ya Wayahudi ilichukua kile kipande cha M ambapo muuaji analia anakiri, ikakibandika kama ushahidi kwamba Wayahudi ndo walivyo. Mwigizaji anaigiza mtu mgonjwa wa akili, mwingine anakata sekunde kadhaa, anaweka maneno yake juu, tayari uongo umekuwa picha. Gundi na mkasi vilevile. Watu wa kazi yangu tukae tukijua kwamba hii iliwahi kufanyika kwa mikono kama yetu.

Georg John alibaki Berlin. Akawa anaigiza kwenye Jüdischer Kulturbund, chama ambacho wasanii wa Kiyahudi waliofukuzwa walikianzisha mwaka 1933, jukwaani Wayahudi tu, na kwenye viti Wayahudi tu, kwa ruhusa na uangalizi wa serikali ileile. Nafikiria ule ukumbi. Mtu aliyetembea kwenye misitu ya studio ya kampuni ya filamu ya Ufa, sasa kila mwaka watazamaji wanapungua kwa sababu wenye uwezo wa kukimbia wanakimbia, yeye ana zaidi ya miaka hamsini, halafu sitini, na bado anapaka mekapu anatoka mbele. Septemba 1941 Gestapo, polisi wa siri wa Hitler, wakakivunja chama. Oktoba treni zikaanza kutoka stesheni ya Grunewald kuelekea mashariki, kwenda Łódź, zaidi ya watu 1,000 kwa treni moja. Ghetto ya Łódź, mtaa ambamo Wayahudi walifungiwa, ilikuwa imeshafungwa tangu Aprili 1940, na siku inafungwa watu zaidi ya 160,000 walisongamana mle, njaa, homa, baridi, na wazee walioletwa kutoka Berlin hawakudumu. Georg John kafia humo Novemba 1941. Alikuwa na miaka 62.

Mwaka huohuo 1941 Emil Jannings, yule aliyefunikwa koti, alikuwa kwenye kumbi za Ujerumani na filamu kubwa ya propaganda ya serikali, anaigiza Kruger, kiongozi wa Makaburu wa Afrika Kusini. Naandika tu kama ilivyotokea. Mwaka 1924 walikuwa wawili kwenye kile choo, mmoja kamvulia mwenzake koti.

Pale Grunewald siku hizi kuna kumbukumbu, jukwaa namba 17, wameweka vipande 186 vya chuma kando ya reli, kila kimoja kina tarehe, idadi ya watu na walikopelekwa. Majina hayapo kwenye chuma, ni idadi tu. Ndo maana nimeanza na jina.

Sasa mtu ataniuliza nianzie wapi. Anzia Der letzte Mann, inapatikana mtandaoni na haihitaji mtafsiri kwa sababu ina kibao kimoja tu cha maandishi, filamu nzima. Kibao chenyewe kinakuja pale mzee keshakaa chini msalani, na kinasema kwamba kwa haki stori ingeishia hapa, maishani huyu mzee hana cha kusubiri zaidi ya kifo, ila mwandishi kamuonea huruma. Kisha tunapata habari gazetini kwamba tajiri mmoja kafia mikononi mwake na mali yote imekuwa yake.

Na kitu cha kwanza anachofanya na hizo hela ni kukaa ukumbini, kwenye hoteli ileile, meza imejaa, mhudumu anakuja na sahani juu ya sahani, na anamsubiri mgeni wake. Mgeni anaingia. Ni mlinzi wa usiku, safari hii hana tochi. Angalia anavyokaa, anavyoangalia chakula, na Jannings atakuwa anafanya mambo makubwa pale kama kawaida yake, mwache. Mwangalie yule mwingine akishika uma.